Fimbo ya Mbali Haiui Nyoka: Namna ya Kuyaandaa Maneno ya Hekima Kabla ya Siku ya Jaribu

Msemaji yeyote wa Kiswahili aliyepita utoto ana kichwani methali kadhaa zinazohusu heshima, uadilifu na ushujaa, hata kama hajawahi kukaa akazihesabu. Anajua kwamba ahadi ni deni, kwamba njia ya mwongo ni fupi, kwamba uungwana ni kitendo. Huzitumia kuwaonya watoto, kupamba hotuba, na mara nyingi zaidi kuwasema watu wengine. Kisha inafika siku moja ya kawaida kabisa, mkubwa wake wa kazi anamwekea mezani hati yenye tarehe isiyo ya kweli na kumwambia kwa sauti ya upole, "Tia saini hapo, tunachelewa," naye anatia. Methali zote anazikumbuka jioni, akiwa peke yake. Hazikuwa zimepotea, zilikuwa mbali tu, na fimbo ya mbali haiui nyoka.

Mwongozo huu unaeleza kazi moja, nayo ni kuisogeza fimbo hiyo mpaka iwe mkononi. Sidai kwamba maneno humfanya mtu kuwa mwema, kwa maana maneno matupu hayavunji mfupa. Nadai jambo dogo zaidi: wengi wetu tunaonyamaza mbele ya dhuluma, au tunaoukubali uongo kwa sababu umeletwa na mtu tunayemheshimu, tunajua vizuri lililo sawa, ila hatukuwahi kuamua mapema tutasema nini, na mtu asiyejiamulia mapema huamuliwa na waliomzunguka.

Chagua maneno machache, kisha uyachimbue

Usianze kwa kukusanya. Daftari lenye misemo mia moja hupendeza, lakini siku ya jaribu hakuna nafasi ya kufungua kurasa. Chagua maneno matatu, yasizidi matano, na kigezo cha kuchagua kiwe ni kuchomwa: neno linalokufaa ni lile ambalo ukilisikia unamkumbuka mtu uliyemkosea, au siku uliyojionea haya mwenyewe. Lile linalokukumbusha mara moja makosa ya jirani yako liweke kando kwanza, kwa kuwa nyani haoni kundule, na hekima inayotazama nje tu haijawahi kumrekebisha aliyeishika.

Ukishachagua, uliza neno lilitoka wapi na linadai nini hasa. Chukua mfano wa muungwana. Zamani neno hilo lilimtaja mtu huru, asiye mtumwa wa mtu; lilikuwa jina la daraja, na daraja hilo kwa kawaida mtu alizaliwa nalo. Methali isemayo uungwana ni kitendo inaipindua maana hiyo ya zamani, kwani inatangaza kwamba daraja hilo halirithiwi, linatendwa, na kwa hiyo aliyezaliwa nalo anaweza kulipoteza asubuhi moja, na aliyenyimwa anaweza kulipata bila kuomba ruhusa ya mtu. Anayeielewa methali kwa kina hicho hawezi tena kuitumia kumsifu mtu kwa mavazi na lugha laini. Itazame pia dada yake, muungwana akivuliwa nguo huchutama. Haisemi kwamba muungwana havuliwi nguo. Inakubali kwamba aibu itamfikia, pengine bila kosa lake, na inafundisha namna ya kuipokea: bila kupiga mayowe, na bila kukimbilia kuwavua wengine ili aibu igawanyike.

Neno heshima lina mtego wake, na hapa inafaa kusimama kidogo. Kiswahili kinatumia neno hilohilo kwa vitu viwili: ile heshima ambayo watu wanakupa, na ile unayoilinda ndani yako pasipo mtazamaji. Vitu hivi mara nyingi hutembea pamoja, ndiyo maana hatuoni tofauti yake mpaka vinapoachana njia. Vikiachana, wengi hushika cha kwanza. Familia huficha ukatili uliotendwa ndani ya nyumba, ofisi huficha wizi, chama huficha kiongozi wake aliyepotoka, na wote husema wanalinda heshima, wakijituliza kwa ule msemo wa funika kombe mwanaharamu apite. Kinacholindwa hapo ni sifa, na sifa iliyojengwa juu ya kombe lililofunikwa inamtegemea kila anayejua kilichomo ndani. Methali inayojibu ni jina jema hung'aa gizani, na neno lenye uzito humo ni la mwisho. Ukitaka kujua unalinda kipi kati ya viwili hivyo, jiulize: kama ningehakikishiwa kwamba hakuna atakayejua kamwe, ningefanya vilevile?

Uadilifu nao una mzizi mmoja na adili, na kule Kiarabu ulikotoka mzizi huo unabeba maana ya haki na usawa. Mwadilifu ana mizani moja, anayompimia rafiki na anayempimia hasimu. Kwa upande wa ujasiri wa kimaadili sina maelezo marefu: ni utayari wa kutenda lililo sawa wakati gharama yake ni kuchekwa, kutengwa, kuitwa msaliti au kupoteza cheo. Wapo watu waliovumilia risasi lakini hawakuweza kuvumilia kucheka kwa wenzao.

Kila neno lipambanishe na mpinzani wake

Hii ndiyo hatua inayorukwa na wengi, na kwa maoni yangu ndiyo yenye faida kuliko zote. Hekima ya lugha yetu haisemi kwa sauti moja. Upande mmoja inakuambia heri kufa macho kuliko kufa moyo. Upande wa pili inakunong'oneza kwamba kwa mwoga huenda kicheko, kwa shujaa huenda kilio. Inakuambia msema kweli ni mpenzi wa Mungu, kisha inakuambia mwenye nguvu mpishe. Inakuonya kwamba asiyesikia la mkuu huvunjika guu, na katika mabishano inakukatia shauri kwa maneno mawili: wengi wape. Siku ya jaribu hutakosa methali ya kukutetea ukinyamaza. Utaipata haraka kuliko ile ya kukusukuma useme.

Usizidharau methali hizo za tahadhari, kwani zilitungwa na watu waliokwisha kuona mengi. Mtoto anayekatazwa mto wenye mamba na akakaidi huvunjika zaidi ya guu. Kinachotakiwa ni kuzipatia mpaka, na mpaka ninaoutumia mimi ni huu: methali ya kujihifadhi ni halali pale ambapo hasara ya kunyamaza kwangu naibeba mimi mwenyewe. Nikidhulumiwa haki yangu ndogo nikaamua kupisha, hiyo ni hiari yangu, na huenda ni busara. Lakini hasara inapomwangukia mwingine ambaye hakuulizwa, sina ruhusa ya kununua usalama wangu kwa mali yake. Kwa hiyo, kila unapojikuta umeshika mwenye nguvu mpishe, uliza papo hapo: nani analipa?

Methali hizi mbili za kutii, ile ya mkuu na ile ya wengi, zinastahili kuogopwa kuliko tunavyofikiri, na kuna ushahidi wa hilo. Mwaka 1961, katika Chuo Kikuu cha Yale nchini Marekani, mwanasaikolojia Stanley Milgram alianza majaribio ambamo mtu wa kawaida aliambiwa amwadhibu mwanafunzi kwa umeme kila anapokosea jibu, akiongeza nguvu hatua kwa hatua hadi volti 450. Umeme haukuwepo na mwanafunzi alikuwa akiigiza maumivu, lakini aliyeshika swichi hakulijua hilo. Katika jaribio lililojulikana zaidi, wanaume 26 kati ya 40 walifika mwisho, kwa sababu tu mtu mwenye koti la kazi aliwaambia kwa utulivu waendelee. Wengi wao walitokwa jasho, walitetemeka, walilalamika, na bado walibonyeza. Dhamiri ilikuwepo na ilikuwa ikisema. Walichokosa ni namna ya kuigeuza kuwa tendo.

Miaka kumi hivi kabla ya hapo, mwanasaikolojia mwingine, Solomon Asch, aliwaonyesha watu mistari na kuwauliza upi unalingana na upi, swali ambalo mtoto angelijibu. Kila mtahiniwa aliketi na watu waliopangwa mapema kutoa jibu moja la uongo. Karibu theluthi moja ya majibu ya watahiniwa katika mizunguko hiyo yalifuata kundi, na takriban watu watatu kati ya wanne walifuata angalau mara moja. Hakukuwa na tishio wala mshahara. Kulikuwa na wengi tu, nao wakapewa.

Basi, fanya hivi: chini ya kila neno ulilolichagua, andika methali inayolipinga, kisha andika kwa sentensi moja ni wapi hiyo ya pili ina haki na ni wapi haki yake inakoma. Kazi hii inachukua jioni moja, na mtu asiyeifanya hubaki na maneno mazuri ambayo hayajawahi kujibu swali.

Geuza methali kuwa sentensi utakayoitamka

Methali haizuii hati yenye tarehe ya uongo. Kinachoizuia ni sentensi iliyotoka mdomoni, na sentensi hiyo lazima iwe tayari, kwa sababu aibu na mshangao hutuibia maneno wakati tunayahitaji zaidi. Kaa chini ufikirie hali tatu ambazo kwa kazi yako, familia yako au nafasi yako katika jamii zinaweza kukupata ndani ya mwaka huu. Usifikirie mambo makubwa ya kusimuliwa. Fikiria kuombwa umwandikie mtu barua ya sifa asizostahili. Kikao ambamo mtu asiyekuwepo anabebeshwa lawama. Jamaa anayetaka useme alikuwa nawe siku ambayo hakuwa. Mwenzako anayemfanyia mzaha wa kumdhalilisha aliye dhaifu huku wote wakicheka.

Kwa kila hali, andika maneno utakayosema. Yawe mafupi, yaanze na mimi, yataje jambo lenyewe bila kumtaja mtu kwa tabia yake, na yamwachie mwenzako mlango wa kutokea bila kudhalilika. Kwa mfano: "Siwezi kuitia saini hii kwa kuwa tarehe yake si ya kweli, ikirekebishwa naitia sasa hivi." Au: "Simtetei wala simshtaki, ila naomba tusiamue jambo hili mpaka naye aitwe aeleze." Kwa jamaa: "Nakupenda na nitakusaidia kwa njia nyingine yoyote, lakini siwezi kusema tulikuwa pamoja." Ukiona sentensi yako imerefuka kwa maelezo, ikate. Maelezo marefu husikika kama maombi ya ruhusa, na mtu mjanja atajibu maelezo yako badala ya kujibu kukataa kwako.

Wasomaji wengi watauliza kuhusu wakubwa, maana kwetu kumkatalia mzee au kiongozi uso kwa uso ni jambo zito. Lugha yenyewe imekwisha kulijibu: heshima si utumwa. Mkubwa anastahili wito wake, sauti ya chini, na pale inapowezekana faragha. Anastahili kusikia neno lako kabla halijasikiwa na wengine. "Mzee, naomba dakika mbili peke yetu kabla ya kikao," ni mwanzo mzuri kuliko hotuba yoyote. Hastahili uongo wako. Na kama ni wewe uliye mkubwa, kumbuka msemo kwamba cheo ni dhamana, kisha waulize walio chini yako mara ya mwisho waliyokukatalia jambo ilikuwa lini. Wakikosa jibu, tatizo liko kwako.

Kuna umbo moja la ujasiri ambalo wanaojiona waoga hulisahau, nalo ni swali. Kuuliza si ujinga, na mara nyingine swali linalorudiwa hufanya kazi kubwa kuliko shutuma. Mwaka 1960 daktari Frances Kelsey, aliyekuwa ndiyo kwanza ameanza kazi katika mamlaka ya dawa ya Marekani, alipokea ombi la kuidhinisha thalidomide, dawa ya usingizi iliyokuwa ikiuzwa tayari katika nchi nyingi na kutumiwa pia na wajawazito. Hakumtuhumu mtu. Alisema tu kwamba ushahidi wa usalama hautoshi, akaomba zaidi. Ulipoletwa akauona bado hautoshi, akaomba tena, huku waombaji wakimsumbua kwa barua, simu na malalamiko kwa wakubwa wake kwa zaidi ya mwaka mmoja. Mwishoni mwa 1961 ikabainika kwamba dawa hiyo ilikuwa ikiwaharibu watoto tumboni. Duniani walizaliwa maelfu wakiwa na viungo pungufu, na huko Marekani walikuwa wachache sana kwa kulinganisha. Katika hadithi hiyo yote hakuna mahali alipopaza sauti. Weka basi katika orodha yako angalau swali moja: "Naomba kuelezwa, hii itamgusa nani?"

Kisha yatamke maneno yako kwa sauti, ukiwa peke yako, mara kadhaa. Najua inachekesha. Lakini neno ambalo ulimi haujawahi kulibeba huwa zito mara ya kwanza, na hutaki mara hiyo ya kwanza iwe mbele ya watu kumi na wawili.

Zoeza mkono kwa mambo madogo

Ahadi ni deni, na madeni madogo ndiyo shule. Kwa mwezi mmoja, andika kila ahadi unayoitoa, zikiwemo zile za kutupa tu, kama vile nitakupigia, nitalishughulikia, nipo njiani. Wengi watashangaa wanavyokopa bila kujua. Baada ya hapo punguza kutoa ahadi badala ya kujilazimisha kuzitimiza zote. Mtu anayesema "sina hakika kama nitaweza" amekwisha kuwa mkweli kuliko alivyokuwa jana. Jizoeze pia kusema "sijui" unapoulizwa usichokijua, na "nilikosea" bila kuongeza neno lakini.

Kwa nini madogo? Kwa sababu mtu hafiki kwenye jaribu kubwa akiwa mgeni wa kukataa. Tunamkumbuka mwanafalsafa Sokrate wa Athene kwa kuhukumiwa kwake kifo mwaka 399 KK, lakini yaliyotangulia yanafundisha zaidi. Mwaka 406 KK, akiwa miongoni mwa wasimamizi wa baraza, alikataa kuunga mkono majemadari washtakiwe wote kwa pamoja kinyume cha sheria, ingawa umati ulikuwa ukipiga kelele. Miaka miwili hivi baadaye, chini ya utawala wa watu thelathini, yeye na wengine wanne waliamriwa wakamkamate mtu aitwaye Leon wa kisiwa cha Salamis ili auawe. Wanne walikwenda. Sokrate alikwenda nyumbani kwake. Ona kwamba mara ya kwanza aliwakatalia wengi na mara ya pili akawakatalia wenye nguvu, kwa hiyo aliposimama mahakamani akiwa mzee wa miaka sabini hivi, hakuwa akijaribu kitu kipya.

Tafuta mmoja, na uandike

Yale majaribio niliyoyataja yana upande wa pili ambao husimuliwa mara chache. Asch alipomweka mtu mmoja tu anayetoa jibu la kweli, kufuata kundi kulishuka mpaka karibu robo ya kiwango cha awali. Milgram alipowaketisha wasaidizi wawili waliokataa kuendelea, ni watu 4 tu kati ya 40 waliofika volti 450. Sijui hoja nyingine inayotia moyo kiasi hicho. Inamaanisha kwamba huhitaji kuwashawishi wote, na kwamba sauti yako moja, hata ikitetemeka, inaweza kuwafungua midomo watu waliokuwa wakisubiri aanze mwingine.

Kwa hiyo, kabla ya kikao unachokiogopa, mtafute mtu mmoja na umwambie wazi utakachosema. Usimwombe akuunge mkono kwa kila jambo. Mwombe tu asikanushe anachokijua kuwa kweli. Ukimkosa mtu huyo, bado una karatasi. Methali ya wafanyabiashara, mali bila daftari hupotea bila habari, inafaa vilevile kwa ukweli: andika tarehe, nani alikuwepo, nini kilisemwa, na uliandike siku ileile. Mhandisi Roger Boisjoly aliwaandikia wakubwa wake mwezi Julai 1985 kwamba mipira ya kuzibia maungio ya roketi za kurushia vyombo vya anga ingeweza kusababisha maafa. Usiku wa kuamkia siku ya kurushwa kwa chombo cha anga kiitwacho Challenger, yeye na wenzake walipinga kwa nguvu kwa sababu ya baridi, na wakashindwa. Tarehe 28 Januari 1986 chombo hicho kilivunjika sekunde 73 baada ya kuruka, na wote saba waliokuwamo wakafa. Maandishi yake hayakuwaokoa, lakini yaliiwezesha tume ya uchunguzi kujua kwamba onyo lilitolewa na lilipuuzwa.

Hesabu gharama bila kujidanganya

Sitakuambia kwamba kweli ikidhihiri uwongo hujitenga na kila kitu kinakuwa shwari. Hujitenga, ndiyo, ila mara nyingi kwa kuchelewa. Tarehe 16 Machi 1968 rubani wa helikopta Hugh Thompson aliwaona askari wa jeshi lake la Marekani wakiwaua raia katika kijiji cha My Lai nchini Vietnam. Alitua kati ya askari hao na wanakijiji waliokuwa wakikimbia, akawaamuru watu wake wawili wawafyatulie risasi wenzao iwapo wangewapiga raia, akawaondoa aliowapata, kisha akaripoti. Aliporudi kwao aliitwa msaliti na kutishiwa maisha. Jeshi lilikuja kumpa nishani kwa ushujaa ule mwaka 1998, miaka thelathini baadaye.

Andika, basi, unachoweza kupoteza: kazi, urafiki, mwaliko, amani ya nyumbani. Andika nani mwingine ataumia pamoja nawe, maana kuwatosa wanao ili ujisikie shujaa ni jambo la kufikiriwa mara mbili. Kisha utafute njia ya chini kabisa ya kusema kweli inayotosha kuzuia madhara, kwani heri nusu ya shari kuliko shari kamili. Mazungumzo ya faragha kabla ya barua, barua kabla ya kikao, kikao kabla ya hadhara. Isipokuwa pale ambapo mtu anadhurika sasa hivi. Hapo ngazi hizo hazina maana.

Na ujipime hasira. Hasira hasara, hasa kwa mwenye haki, kwa sababu inawapa wasikilizaji kitu kingine cha kuzungumzia. Ukihisi kwamba unafurahia kumuumbua mtu, nyamaza kwanza. Kesho kweli itakuwa bado ni kweli.

Ukishindwa

Utashindwa, hata ukifuata hatua zote hizi, na jinsi unavyorudi ni sehemu ya kazi. Methali ya hapo ni kujikwaa si kuanguka, bali ni kwenda mbele, lakini aliyejikwaa hafiki huko mbele kwa kujisamehe kimyakimya. Rudi kwa aliyeumia, mapema iwezekanavyo, umwambie kosa lako kwa jina lake. Usimweleze ulivyokuwa umechoka au ulivyobanwa. Kisha rudi mahali kosa lilipotendeka na ulirekebishe palepale, kwa sababu radhi iliyotolewa faragha kwa dhuluma iliyotendwa hadharani ni nusu ya malipo.

Nalisema hili kwa kuwa nimewahi kulipa kwa kuchelewa. Katika ofisi moja niliyofanya kazi zamani, kijana mgeni alilaumiwa kikaoni kwa hesabu zilizoharibika, nami nilijua kwamba hesabu hizo zilikuwa zimeharibika kabla hajaajiriwa. Nilikuwa na maneno tele kichwani siku ile, na sikulitamka hata moja. Wiki mbili baadaye nilimwendea, nikamwambia nilichokijua na kwamba nilinyamaza kwa woga. Kikao kilichofuata niliomba nafasi nikayasema hayohayo mbele ya wote, na kumbukumbu ikarekebishwa. Kijana yule alinishukuru kwa adabu. Nilipokuwa nikiinuka kuondoka, akaniambia, "Ila siku ile, mzee, nilikuwa nakutazama wewe."